Jicho moja, macho mawili: kwa nini chai humwagika nje ya kikombe

Fundi mmoja wa kuchomelea vyuma, msikilizaji wetu wa miaka mingi, alipiga simu studioni majuma machache yaliyopita, na safari hii hakupiga kwa ajili ya salamu. Alikuwa amepoteza jicho la kushoto baada ya kipande cha chuma kuruka kutoka kwenye mashine ya kukatia. Kidonda kilikwisha kupona. Lililomsumbua lilikuwa jambo dogo ambalo, kwa maneno yake, lilikuwa likimwaibisha mbele ya wageni: kila anapomimina chai, huimwaga pembeni mwa kikombe. "Ndugu mtangazaji," aliuliza, "nimepoteza jicho, si mkono. Mbona mkono nao umepotea?"

Mtangazaji alimpa pole na kumwombea dua, kisha zamu ikapita kwa mpigaji mwingine, na swali likabaki hewani. Mimi kazi yangu ni kutafsiri habari, si kutibu macho, lakini swali lile lilinifuata hadi nyumbani. Makala haya ni jaribio la kulijibu.

Umbali hauingii jichoni

Mwanga hupita kwenye mboni na kuangukia utando mwembamba ulio nyuma ya jicho, uitwao retina. Utando huo ni mfano wa kitambaa cheupe cha sinema: una juu na chini, una kulia na kushoto, lakini hauna mbele wala nyuma. Mbuzi aliyesimama hatua kumi kutoka kwako na ng'ombe aliye mbali zaidi wanaweza kutupa hapo taswira mbili za ukubwa ule ule. Jicho lenyewe halina namna ya kujua yupi yuko karibu. Umbali hutengenezwa baadaye, ndani ya ubongo, kwa kukusanya dalili na kuzipima, mithili ya hakimu ambaye hakuwapo tukio lilipotokea bali anasikiliza mashahidi.

Mwanazuoni Ibn al-Haytham, aliyezaliwa Basra karibu mwaka 965 na aliyeandika kitabu chake kikubwa cha elimu ya kuona akiwa Cairo mwanzoni mwa karne ya 11, aliliona hilo mapema. Alieleza kwamba umbali tunaukadiria kwa kuifuata ardhi na vitu vilivyopangika juu yake kati yetu na kile tunachokitazama. Alitoa mfano wa mawingu: yakiwa juu ya uwanda mtupu, mtu huyadhania kuwa mbali mno, yakigusa milima, mara moja hujua kwamba hayako juu kiasi hicho. Anayeishi katika nchi ya vilima hahitaji ushahidi mwingine.

Miongoni mwa mashahidi hao wa ubongo, yuko mmoja ambaye humhitaji mtu kuwa na macho mawili. Nyoosha mkono wako, inua kidole gumba, kisha kitazame kwa jicho la kulia peke yake, halafu kwa la kushoto. Kidole kitaonekana kuruka kutoka upande mmoja kwenda mwingine, ilhali ukuta ulio nyuma yake haujasogea. Kilete karibu na pua, nacho kitaruka zaidi. Sababu ni kwamba macho ya mtu mzima yametengana kwa sentimita sita na kidogo, hivyo kila moja hupata picha yake, inayotofautiana kidogo na ya mwenzake. Ubongo hauitupi tofauti hiyo. Huipima, na kutokana nayo hupata kina.

Hapa niombe radhi kwa neno. Katika chumba chetu cha habari, "mtazamo wa kina" ni uchambuzi wa siasa au wa bajeti, na kina chenyewe tumekizoea kuwa cha kisima au cha ziwa. Nilijaribu maneno mengine matatu au manne, yote yakachechemea. Basi msomaji akutanapo na neno "kina" katika makala haya, alichukulie kuwa ni ule umbele na unyuma wa vitu: kujua kwamba kikombe kiko mbele ya sahani, na ni kwa kiasi gani.

Aliyethibitisha kazi ya tofauti hiyo ni Mwingereza Charles Wheatstone. Mwaka 1838 aliiwasilishia Royal Society ya London maelezo ya chombo alichokiita stereoskopu. Kilikuwa na vioo viwili vilivyokaa kwa pembe, na michoro miwili ya kitu kimoja, mmoja umechorwa kama jicho la kulia linavyokiona na mwingine kama jicho la kushoto linavyokiona. Kila mchoro ulikuwa mistari mitupu juu ya karatasi. Lakini mtu alipoitazama yote miwili kwa pamoja, kila jicho na wake, mistari ile iliinuka ikawa umbo lililosimama hewani. Picha za kamera zilitangazwa kwa ulimwengu mwaka uliofuata, na baada ya muda si mrefu familia za Ulaya zikawa zinakaa sebuleni kutazama milima na majumba kupitia vyombo vya namna hiyo. Miwani ya sinema za pande tatu za siku hizi ni wajukuu wa vioo vya Wheatstone.

Zaidi ya miaka mia moja baadaye, Béla Julesz, mhandisi mzaliwa wa Hungaria aliyekuwa akifanya kazi katika maabara za Bell nchini Marekani, alikwenda mbali zaidi. Alitumia kompyuta kutengeneza picha mbili za vitone vilivyotapakaa ovyo, zisizo na umbo lolote. Katika moja alisogeza fungu la vitone vya katikati kidogo upande mmoja. Ukitazama picha moja peke yake, unaona vumbi tu. Ukizitazama mbili, kila jicho na yake, mraba unatokea ukielea juu ya vumbi lile. Kumbe ubongo hauhitaji kwanza kukitambua kitu ndipo ukipe kina. Tofauti ya picha mbili inatosha.

Sasa turudi kwenye kikombe, kwa maana hapa hesabu ina jambo la kumwambia fundi wetu. Ushahidi wa macho mawili ni mkali mno karibu na mwili, kisha hufifia haraka. Chukua mtu mwenye macho mazuri ya kawaida. Katika umbali wa mita 1 anaweza kutambua kwamba kitu kimoja kiko mbele ya kingine hata kama vimepishana kwa milimita moja na nusu. Katika mita 10, lazima vipishane kwa takribani sentimita 15. Katika mita 100, kwa takribani mita 15. Umbali ukiongezeka mara kumi, kosa huongezeka mara mia. Kwa hiyo gari linalokuja kutoka mwisho wa barabara, fundi analiona karibu sawasawa na ninavyoliona mimi mwenye macho mawili. Alichopoteza kimo katika urefu wa mkono: kikombe, tundu la sindano, ufunguo na kitasa, mkono wa mtu anayekusalimu, na ncha ya fimbo ya kuchomelea inapoukaribia mshono wa chuma. Mkono wake haujapotea hata kidogo. Shahidi aliyekuwa akiuongoza katika eneo hilo ndiye aliyeondoka mahakamani.

Mashahidi waliobaki

Wengine wote wapo, na ni wengi. Kitu kinachokifunika kingine kiko mbele yake. Mistari ya barabara hukaribiana kadiri inavyokwenda mbali. Kivuli huonyesha kama mpira umegusa ardhi au bado uko hewani. Ukubwa tuliouzoea wa mtu, wa mlango au wa baiskeli hutupa kipimo bila kukifikiria.

Hewa nayo ni shahidi. Anayeishi mahali panapoonekana milima ya Virunga anajua kwamba asubuhi baada ya mvua, Karisimbi huonekana kana kwamba umesogea usiku na kupiga kambi nyuma ya kijiji. Wakati wa kiangazi, vumbi na moshi vikitanda, mlima ule ule hurudi nyuma na kuwa kivuli cha samawati. Mlima haukwenda popote. Ubongo umezoea kwamba vya mbali hufifia, na hewa ikisafishwa, hudanganyika.

Ila shahidi mkubwa wa mwenye jicho moja ni mwendo. Keti dirishani ndani ya basi: nguzo za kando ya barabara hupita mbio, migomba ya shambani husogea polepole, vilima vya mbali hujikokota, na mwezi, kama ni usiku, hukufuata hadi uendako. Jicho moja linaloyatazama hayo linapata ule ule ushahidi ambao macho mawili hupata yakiwa yametulia, kwa kuwa kichwa kikisogea sentimita sita, jicho moja limeshasimama mahali pawili. Ndege wengi ambao macho yao yametazama pande mbili za kichwa hutumia mbinu hiyo. Mtazame njiwa anavyosukuma kichwa mbele anapotembea.

Mashahidi wa aina hii kwa kiasi fulani hufunzwa na mahali mtu alipokulia. Kisa kinachosimuliwa mara nyingi kuhusu hilo kilitokea kwa majirani zetu wa Kongo. Mwanaanthropolojia wa Kiingereza Colin Turnbull, aliyeishi na Wambuti wa msitu wa Ituri katika miaka ya 1950, aliandika mwaka 1961 jinsi alivyotoka msituni na kijana mmoja wa Kimbuti hadi uwanda wa wazi karibu na Ziwa Edward. Nyati walikuwa wakila majani kilomita kadhaa kutoka pale. Kijana akauliza ni wadudu gani wale. Alipoambiwa ni nyati, alicheka. Gari lilipowakaribia na "wadudu" wakawa wanakua, alishuku uchawi.

Kisa hicho nimekiona kikitumiwa kuwafanyia watu wa msituni mzaha, na huko ni kukisoma vibaya. Macho ya kijana yule yalikuwa mazima, na msituni, ambako kitu hakionekani zaidi ya hatua chache mbele, alikuwa na utambuzi wa kina ambao Turnbull hakuwa nao. Ni masimulizi ya mtu mmoja kuhusu mtu mmoja, hayatoshi kuwa sheria ya elimu ya kuona. Lakini yanakubaliana na yale ambayo kila mmoja wetu ameyaona kwa mara ya kwanza kutoka dirisha la ndege, pale magari yanapogeuka siafu.

Chongo na kengeza

Wahenga walisema ukipenda chongo utaita kengeza. Maana yake inajulikana: mapenzi hulipunguza lile kubwa likawa dogo. Methali hiyo inachukulia kwamba kengeza ni kasoro ndogo na chongo ni kubwa. Kwa sura ya mtu, labda. Kwa upande wa kina, tofauti yao ni ndogo kuliko walivyodhani wahenga.

Mtoto hazaliwi na uwezo wa kuona kina kwa macho mawili. Uwezo huo huchipuka kati ya mwezi wa tatu na wa tano, macho yanapojifunza kulenga mahali pamoja. Jicho moja likiwa limepinda, ubongo hupokea picha mbili zisizopatana, na badala ya kuvumilia dunia iliyo mbilimbili, huinyamazisha moja. David Hubel na Torsten Wiesel, waliopata Tuzo ya Nobel mwaka 1981, walionyesha jinsi hali hiyo inavyojijenga. Walifunga jicho moja la watoto wa paka katika majuma ya mwanzo ya maisha. Lilipofunguliwa baadaye, jicho lenyewe lilikuwa zima, lakini seli za ubongo zilikuwa zimeacha kulisikiliza. Kwa paka mzima aliyefungwa jicho vivyo hivyo, madhara hayo hayakutokea. Kuna msimu wa kupanda, nao hupita.

Hivyo mtoto mwenye kengeza aliyeachwa bila matibabu anaweza kukua akiwa na macho mawili usoni na jicho moja tu katika ubongo. Wataalamu huliita lile lililonyamazishwa jicho vivu. Tiba yake ya kawaida ni miwani, au kulifunika jicho zuri kwa saa kadhaa kila siku ili lile vivu lilazimike kufanya kazi, na wakati mwingine upasuaji wa kunyoosha macho. Hufanikiwa zaidi kabla mtoto hajafika umri wa miaka saba hivi. Macho ya mtoto mchanga kupishana mara moja moja si jambo la kutisha. Yakiendelea kupishana baada ya mwezi wa nne, si la kusubiri. Maneno ya "atakua nalo, litaondoka lenyewe" yamewagharimu watu wengi kitu ambacho hawakujua kuwa walikuwa na haki nacho.

Kwamba mlango hufungwa kabisa, hata hivyo, sasa hakuna uhakika. Susan Barry, mtaalamu wa elimu ya ubongo nchini Marekani, alikuwa na kengeza tangu utotoni na alifanyiwa upasuaji mara tatu akiwa mdogo. Macho yalinyooka, kina hakikuja, na alikuwa akiwafundisha wanafunzi wake kuhusu uwezo ambao yeye mwenyewe hakuwa nao. Akiwa na miaka 48, baada ya mazoezi ya kuyafundisha macho kulenga pamoja, aliingia garini akaona usukani umetokeza mbele ya dashibodi. Kitabu chake, Fixing My Gaze, kilitoka mwaka 2009. Wengi hawafiki alikofika, na si vyema kumwahidi mtu mzima muujiza.

Kuna hali nyingine ya utotoni ambayo siwezi kuipita. Weupe unaong'aa ndani ya mboni ya mtoto, hasa katika picha iliyopigwa kwa mwako wa kamera, unaweza kuwa dalili ya retinoblastoma, saratani ya jicho inayowapata watoto wadogo. Inapogunduliwa mapema na kutibiwa, zaidi ya watoto tisa katika kila kumi hupona. Inapochelewa, aghalabu jicho huondolewa ili kuokoa uhai, na huko ndiko wazazi wengi husita: ataishije na jicho moja? Hospitali ya Ruharo mjini Mbarara, Uganda, ni miongoni mwa zinazotibu maradhi haya katika ukanda wetu. Jibu la swali la mzazi ni kwamba mtoto anayepoteza jicho katika umri huo hujifunza dunia kwa jicho lililobaki tangu mwanzo. Hukimbia, hucheza mpira, hutunga uzi kwenye sindano, na mara nyingi haelewi watu wanamwonea huruma kwa lipi. Uvimbe ulioachwa jichoni hauna huruma.

Aliyedaka kwa jicho moja

Wapenda soka wa umri wa baba zetu wanamkumbuka Gordon Banks, golikipa wa Uingereza iliyotwaa Kombe la Dunia mwaka 1966. Mwezi Oktoba 1972 alipata ajali ya gari na kupoteza uwezo wa kuona kwa jicho la kulia. Golikipa anaishi kwa kukadiria kina, na kila mtu aliona kazi yake imekwisha. Mwaka 1977 alikwenda Marekani kuichezea Fort Lauderdale Strikers, na msimu huo akachaguliwa golikipa bora wa ligi.

Kabla yake alikuwapo Wiley Post, aliyepoteza jicho la kushoto katika ajali ya visima vya mafuta nchini Marekani mwaka 1926. Fidia aliyolipwa aliitumia kununua ndege yake ya kwanza. Alijizoeza kwa subira: alikuwa akikisia umbali wa mti au kilima, kisha akienda kuupima kwa hatua zake. Mwaka 1933 akawa mtu wa kwanza kuizunguka dunia peke yake kwa ndege, takribani kilomita 25,000, kwa muda usiofika siku nane.

Siwataji hawa ili fundi ajione mzembe kwa kumwaga chai. Banks alirudi uwanjani baada ya miaka, si majuma. Kwa aliyepoteza jicho ukubwani, miezi ya mwanzo huwa migumu, na aghalabu mwaka mzima hupita kabla ubongo haujawazoea mashahidi waliobaki. Ngazi za kushuka husumbua kuliko za kupanda. Upande wa jicho lililopotea huwa na giza linaloficha nguzo, watoto na pikipiki: upana wa mtazamo hupungua kutoka takribani nyuzi 180 hadi karibu 150, na dawa yake ni kugeuza shingo, tena mara nyingi kuliko mtu anavyodhani inatosha. Kutikisa kichwa kidogo kulia na kushoto kabla ya kushika kitu kunaweza kuwachekesha wanaotazama, lakini ndiyo njia ya kulisimamisha jicho moja mahali pawili.

Kuhusu kuendesha gari, sheria hutofautiana. Uingereza, kwa mfano, humruhusu mwenye jicho moja kuendesha gari lake binafsi iwapo jicho hilo linafikia viwango vinavyotakiwa, na huweka masharti magumu zaidi kwa wanaobeba abiria. Katika nchi yoyote, jambo la kwanza ni kupimwa na kupewa cheti na daktari wa macho, na kutoshika usukani wala pikipiki katika ile miezi ya mazoea.

Liko pia jambo la jicho lililobaki. Mara chache, baada ya jicho moja kujeruhiwa vibaya, kinga ya mwili hugeuka na kulishambulia lile zima, hata baada ya miezi au miaka. Wekundu, maumivu, au kuumizwa na mwanga katika jicho hilo havifai kungoja hadi siku ya soko ipite.

Nilimpigia fundi simu nikamsomea sehemu ya haya. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akasema kuhusu chai amekwisha kujifunza mwenyewe: mdomo wa birika huuegemeza kwanza kwenye ukingo wa kikombe, ndipo anamimina. Kuchomelea amerudi, kazi za milango na madirisha tu, zile nyembamba anawaachia vijana wake wawili. Miwani ya kinga anaivaa hata anapokata msumari mmoja. Nikamuuliza kama vijana nao wanavaa. Akanyamaza kidogo, akasema mmoja anavaa.